Haki ya Mgonjwa Anayekaribia Kufa



Nimeombwa niseme nanyi juu ya wagonjwa ambao maradhi yao hayana tena tumaini la kupona. Tumezoea kuwahesabu wagonjwa hao katika fungu la huruma: tunawatembelea, tunawaombea, tunawapelekea matunda na sabuni. Hayo ni mema, nayo yaendelee. Lakini kwa kuwa tumekutana chini ya Tume ya Haki na Amani, napenda leo tuwatazame kwa jicho la haki. Mtu anayekufa kwa maumivu makali, ilhali dawa ya kuyatuliza inajulikana na bei yake si kubwa, hakukosa huruma tu. Amedhulumiwa.

Wagonjwa wengi wa saratani nchini mwetu hufika Taasisi ya Saratani Ocean Road, Dar es Salaam, ugonjwa ukiwa umekwisha kukomaa. Wengine hawafiki popote. Ndugu zao huambiwa wodini: "Hatuna la kufanya tena, mrudisheni nyumbani." Neno hilo si la kweli. Huenda halipo la kufanya ili apone. Lakini yapo mengi ya kufanya ili asiumie, vidonda vyake visinuke, asilale na kiu, wala asiachwe peke yake na hofu yake. Kazi hiyo huitwa tiba shufaa, nayo ina ujuzi wake.

Mwaka 1967 daktari Cicely Saunders, aliyekuwa muuguzi kabla ya kusomea udaktari, alifungua Hospisi ya St Christopher's mjini London. Alifundisha kwamba maumivu ya mtu anayekufa si ya mwili peke yake. Yamo pia ya moyo, ya roho, na ya mambo ya nyumbani, kama vile nani atawasomesha watoto na nani atalipa deni. Katika Afrika Mashariki, Nairobi Hospice ilianza mwaka 1990, na mwaka 1993 daktari Anne Merriman akaanzisha Hospice Africa Uganda mjini Kampala.

Mfano wa Uganda unatufaa sana. Huko unga wa mofini huchanganywa na maji, ikapatikana dawa ya kunywa ambayo mgonjwa huitumia nyumbani kwake, kila baada ya saa nne. Tena, kwa kuwa madaktari vijijini ni wachache, mwaka 2004 kanuni zilirekebishwa ili wauguzi na maofisa tabibu waliopata mafunzo maalumu waweze kuiandikia. Basi, umaskini si sababu ya kutosha. Hata hivyo, Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba watu milioni 56.8 huhitaji tiba shufaa kila mwaka, nao wanaoipata ni karibu asilimia 14 tu. Wengi wa wanaohitaji wamo katika nchi zenye kipato cha chini na cha kati, kama yetu.

Kikwazo kimoja ni hofu. Watu huogopa kwamba mofini itamwua mgonjwa au itamfanya mtumwa wa dawa. Ikitolewa kwa kipimo na mtu aliyefundishwa, ikaongezwa kidogo kidogo kwa kadiri ya maumivu, haimwui. Na uraibu kwa mgonjwa wa namna hiyo ni jambo la nadra. Siku za kwanza huweza kumsinzisha. Pia hufunga choo, na kwa hiyo hupewa pamoja na dawa ya kulainisha choo.

Wako waumini wanaoona kwamba kutuliza maumivu ni kukataa msalaba, au ni njia ya siri ya kuua. Kanisa halifundishi hivyo. Mwaka 1957 Papa Pius XII aliwaambia madaktari kwamba ni halali kutuliza maumivu makali hata kama dawa yaweza kufupisha maisha, ikiwa hakuna njia nyingine na nia si kuua. Fundisho hilo lilirudiwa na Kanisa mwaka 1980, likiongeza kwamba mgonjwa aweza kukataa matibabu yanayorefusha tu kufa kwa taabu, ila asinyimwe matunzo ya kawaida.

Kuna haki nyingine, nayo ni ya kuambiwa ukweli. Wahenga walisema, mgonjwa haulizwi uji. Yaani, mpe, usingoje aombe. Lakini habari za maisha yake si uji. Katika nyumba nyingi ndugu wote wanajua, jirani anajua, asiyejua ni mgonjwa mwenyewe. Tunasema tunamhurumia, kumbe tunamnyang'anya nafasi ya kupatana na aliyekosana naye, kuandika wosia ili mjane na yatima wasifukuzwe, na kupokea sakramenti akiwa na akili zake. Tumwulize kwa upole anataka kujua nini, kisha tumjibu pasipo uongo.

Tusiwasahau wanaouguza. Mara nyingi mzigo wote huachiwa mke au binti mmoja, naye binti huacha shule. Kuujenga utu wa mgonjwa kwa kuubomoa wa binti si haki.

Msamaria Mwema hakuishia kufunga majeraha. Alimpeleka yule mtu mahali pa kutunzwa, akalipa gharama, akaahidi kurudi. Nasi, kila Jumuiya Ndogo Ndogo iweke zamu za kukesha na kufua, ili muuguzaji apate kulala na mtoto apate kusoma. Na viongozi wa parokia waende kwa mganga mkuu wa wilaya wakaulize: je, mofini ya kunywa ipo katika hospitali yetu? Nani ameruhusiwa kuiandikia? Kama haipo, imekwama wapi? Waulize kwa heshima, wala wasichoke kuuliza.



Maswali ya kujadiliana katika Jumuiya

1. Ni nani katika Jumuiya yetu anaumwa bila tumaini la kupona, na maumivu yake yanatulizwa na nini?

2. Nani anamwuguza, na lini alipumzika mara ya mwisho?

3. Je, mgonjwa ameulizwa anachotaka kujua, na anachotaka kifanyike?