Heshima ya Mtafuta Kazi

Twaomba radhi kukumbusha habari za kipande. Kwa sheria ya mwaka 1915, iliyoanza kutumika baada ya Vita Kuu, mwanamume Mwafrika wa miaka 16 na zaidi alilazimika kukichukua. Wengi walikivaa shingoni ndani ya kikasha cha chuma. Asipotiwa sahihi na bwana wake wa kwanza, hakuruhusiwa kuandikwa kwingine. Kipande kilifutwa mwaka 1947, lakini fedheha ya mlangoni ingalipo: kijana husimama tangu alfajiri, wala harudishiwi salamu. Basi mwenye kuajiri miongoni mwetu na amjibu kila aombaye. Aondoke bila kazi, lakini asiondoke amevunjiwa heshima.