Kubisha Hodi Katika Mji wa Eldoret

(Mazungumzo ya asubuhi redioni. Somo: Matendo ya Mitume 18:1–11)

Iwe unajitayarisha kwenda kazini, au ndiyo kwanza umerudi kutoka lindo la usiku, twakuomba ukae nasi dakika hizi chache. Mwenye Biblia na afungue Matendo ya Mitume, sura ya 18, tangu mstari wa 1 hata wa 11.

Humo twamwona Paulo akitoka Athene na kuingia Korintho. Hana nyumba huko, wala kanisa la kumpokea. Anakutana na mume na mke, Akila na Prisila, ambao nao ni wageni. Wamefika karibuni kutoka Italia, kwa kuwa Kaisari Klaudio amewafukuza Wayahudi katika mji wa Rumi. Kazi yao ni kushona mahema, na Paulo ni fundi wa kazi hiyo hiyo. Basi akakaa kwao, wakafanya kazi pamoja. Kanisa la Korintho lilianzia hapo, katika nyumba ya mafundi wawili waliofukuzwa.

Korintho yenyewe ulikuwa mji wa namna gani? Jina lake lilikuwa la kale, lakini mji ulikuwa mpya. Warumi waliuteketeza mwaka 146 kabla ya Kristo, ukakaa ukiwa kwa miaka 100 hivi, hata Julio Kaisari alipoagiza ujengwe tena mwaka 44 kabla ya Kristo. Wakapelekwa huko watu wa kila namna, wengi wao watumwa walioachwa huru. Baadaye wakaja wafanya biashara na mabaharia. Paulo alipofika, alikuta mji wa watu ambao wazee wao walitoka mahali pengine, na kila mmoja akitafuta riziki yake.

Sasa ndugu zetu mlio Eldoret, je, hamwujui mji wa namna hiyo? Nchi hii ya juu ililisha ng'ombe wa Wamasai na wa Wanandi kabla haijapimwa na kugawanywa kuwa mashamba ya walowezi. Posta ilifunguliwa mwaka 1910 katika shamba nambari 64, ndiyo sababu wazee wa hapa bado huuita mji huu Sisibo, yaani ile sitini na nne ya Kiingereza kama ilivyotamkwa na wenyeji. Jina la Eldoret lilitolewa mwaka 1912. Reli ikafika mwaka 1924, na pamoja na reli wakaja makarani, mafundi na vibarua kutoka kila upande. Viwanda vikafuata, kikiwamo kile cha nguo cha Rivatex, kisha Chuo Kikuu cha Moi mwaka 1984. Hesabu ya watu ya mwaka 2019 ilikuta watu zaidi ya 475,000 mjini, na tarehe 15 Agosti 2024 Eldoret ikapewa hati ya kuwa jiji, la tano katika Kenya.

Husimuliwa pia kwamba sanduku la fedha la benki ya kwanza lilianguka kutoka kwenye gari la ng'ombe, likawa zito mno kuinuliwa, hata benki ikajengwa palepale kulizunguka. Kama ni kweli au ni hadithi, hatutagombana na mtu. Ila wengi waliokuja mjini walikuja kwa njia hiyo: walizifuata fedha kwanza, kisha wakajenga kuta. Bwana Yesu alifundisha kwamba hazina ya mtu ilipo, na moyo wake huwa huko. Lakini mtu wa mjini ni kitu cha ajabu kidogo. Hazina yake iko Eldoret, na moyo wake uko Kakamega, au Kapsabet, au Nyeri. Muulize, "Nyumbani ni wapi?" Hatakutajia Langas wala Huruma, ingawa amelala huko miaka 20.

Na kadi yake ya ushirika iko huko kwao. Hapo ndipo penye jambo letu la leo.

Tumeona msiba katika ploti ya vyumba vya kupanga. Mpangaji amefariki hospitalini. Jioni majirani wanakusanyika uani, wanatoa viti vyao, wanawasha taa, mmoja anashika daftari. Mluhya anachangia, Mkikuyu anachangia, Mkalenjin na Mjaluo vilevile, wapate fedha za jeneza na za gari la kumpeleka marehemu kwao. Kila usiku wanakutana hata fedha zitimie. Mtu anatumwa kwenda kumwita mzee wa kanisa aje awaombee. Mzee anauliza, "Alikuwa mshiriki wetu? Kadi yake iko wapi?" Haipatikani. Mzee anasikitika, anaeleza utaratibu, na jioni ile maombi yanaongozwa na fundi viatu wa chumba cha nne.

Sisi hatuudharau utaratibu. Kanisa lisilojua washiriki wake ni nani haliwezi kuwachunga. Lakini marehemu yule aliishi hatua 300 kutoka mlango wa kanisa, naye hakuna aliyempigia hodi alipokuwa hai. Kanisa lilimngojea alete barua.

Rudini kwa Paulo. Usiku mmoja Bwana alimtokea, akamwambia asiogope wala asinyamaze, akampa na sababu: katika mji ule Bwana alikuwa na watu wake, tena wengi. Angalieni sana wakati wa neno hilo. Kanisa lilikuwa bado changa, na wengi wa watu hao walikuwa hawajabatizwa. Pengine walikuwa bandarini wakishusha mizigo. Hata hivyo Bwana alikwisha kuwahesabu kuwa wake. Daftari lake lilikuwa na majina ambayo daftari la Paulo halikuwa nayo. Basi Paulo akakaa Korintho mwaka mmoja na miezi 6, akiwafundisha.

Katika miji yetu twapenda njia fupi zaidi. Twafanya mkutano wa injili uwanjani, twapandisha vipaza sauti juu ya gari, na kwa siku 3 mtaa mzima hausikii jambo jingine. Wako waliookoka kwa njia hiyo, nasi twamshukuru Mungu kwa ajili yao. Lakini kipaza sauti hakimwulizi mtu jina lake. Jumatatu gari limekwenda, na yule aliyeinua mkono amerudi chumbani mwake peke yake.

Wako waliotutangulia katika kubisha hodi, nao hawakuwa wahubiri. Tangu mwaka 2001 mpango wa AMPATH, ulioanzishwa hapa Eldoret na Chuo Kikuu cha Moi, hospitali yake ya mafundisho na Chuo Kikuu cha Indiana cha Marekani, umewatibu wagonjwa wa UKIMWI katika sehemu hizi za magharibi mwa Kenya. Hawakukaa hospitalini tu wakingoja wagonjwa. Walituma watu nyumba kwa nyumba katika sehemu nyingi, kushauri na kupima. Wale walioingia katika nyumba hizo waliketi na watu, wakajua nani ana hofu, na nani hana wa kumwambia. Je, jambo lililowezekana kwa ajili ya damu ya mtu, haliwezekani kwa ajili ya roho yake?

Wapenzi wasikilizaji, liko jambo zito zaidi ambalo hatuwezi kulipita. Katika mji huu tumezoea kuabudu kwa lugha. Ibada ya mapema ni ya lugha hii, kanisa la ng'ambo ya barabara ni la lugha ile. Lugha ya mama ni zawadi ya Mungu, na mama mzee aombaye kwa lugha aliyonyonya nayo asizuiwe. Lakini mtu akihamia mjini akatafuta kanisa la watu wa kwao tu, na kanisa nalo likawatafuta watu wa kwao tu, basi jirani wa chumba cha pili anabaki kuwa mtu wa wale wengine. Siku za amani jambo hili halionekani kuwa na ubaya.

Tarehe 1 Januari 2008, baada ya uchaguzi, kanisa la Kenya Assemblies of God pale Kiambaa, nje kidogo ya mji wa Eldoret, lilichomwa moto na watu wakiwa ndani. Walikuwa wamelikimbilia wakidhani nyumba ya Mungu itawaficha. Wengi wa waliokufa walikuwa wanawake na watoto. Maelfu walioponea sehemu hizi walihamia uwanja wa maonyesho ya kilimo wa Eldoret, wakakaa huko katika mahema. Lilikuwako neno lililotumika juu ya watu kama hao, katika Bonde la Ufa, tangu zamani: waliitwa madoadoa. Doa ni kitu cha kufutwa nguoni.

Mwaka uo huo Baraza la Kitaifa la Makanisa ya Kenya lilikiri hadharani kwamba viongozi wa makanisa walikuwa wameegemea pande, kwa hiyo hawakuweza kusema kwa nguvu ilipowapasa. Si viongozi wote waliokuwa hivyo katika historia ya mji huu. Alexander Muge, askofu wa Kianglikana wa Eldoret tangu mwaka 1983 hata alipofariki katika ajali ya barabarani tarehe 14 Agosti 1990, alikemea unyakuzi wa ardhi bila kujali ni nani atakayekasirika. Lakini askofu mmoja hawezi kuwapigia hodi watu wa ploti zote.

Basi yatupasa kufanya nini? Wazee wa kanisa na akina mama wa Umoja, twawaomba mwende wawili wawili, na wale wawili wasiwe wa lugha moja. Mpangaji akifungua mlango akawaona pamoja, atakuwa amesikia nusu ya mahubiri kabla hamjanena. Msiende wiki ya kwanza ya mwezi, maana siku hizo abishaye hodi ni wakala wa mwenye ploti anayedai kodi, na watu hujificha ndani kimya. Askari wa usiku hulala mchana, basi mwendeeni jioni kabla hajaondoka. Na wale wafanyao kazi kwa zamu hata Jumapili, msiwaulize kwa nini hawaonekani kanisani. Waulizeni zamu yao inakwisha saa ngapi, kisha mwone kama hakuna mtu kanisani awezaye kufungua mlango saa hiyo.

Mtaulizwa, "Mnatafuta nani?" Jibuni kwa ukweli kwamba mnamtafuta yeye, mpate kumjua. Msitoe bahasha ya harambee siku hiyo, twawasihi. Andikeni jina lake, na majina ya watoto. Kama kadi yake iko kwao, mzee na aandike barua mwenyewe kuiomba, asimwachie mpangaji mzigo wa nauli.

Juu ya watoto wanaolala katika mitaa ya mji huu na kunusa gundi, hatukusema leo, kwa kuwa habari yao yataka kipindi chake. Tutakuja kwao, Bwana akipenda.

Tuombe. Ee Baba, wewe wawajua wote waliolala usiku huu katika Munyaka na Langas, Huruma na Kamukunji, hata wale ambao sisi hatujawauliza majina. Mlinde askari anayerudi sasa kwa miguu. Uwape wazee wetu nguvu ya kupanda ngazi za zile ploti za ghorofa, na umpe mpangaji moyo wa kufungua mlango. Kwa jina la Yesu Kristo. Amina.