Kuiwasha Hakutoshi: Kuseti Rimoti ya TV Zote kwa Ajili ya Mteja

Mada iliyowasilishwa kwenye semina ya mafundi wa redio, runinga na vifaa vya umeme vya nyumbani



Mteja aliyepoteza rimoti huhudumiwa kwa dakika chache. Fundi anashusha rimoti ya TV zote kutoka kwenye rafu, anatia betri, anabonyeza SET, anaielekeza kwenye kioo. Runinga ikizima tu, neno ni "tayari," na hela inapokelewa. Nimekuja kusema kwamba hapo kazi imefika nusu. Mteja akifika nyumbani anakuta runinga inawaka na sauti inapanda, lakini kitufe kilichoandikwa SOURCE hakifanyi chochote, na king'amuzi chake kimechomekwa HDMI 2. Kioo kinamwandikia kuwa hakuna mawimbi. Taarifa ya habari inapita na yeye yuko mbele ya runinga nzima isiyo na picha.

Zamani hilo lisingekuwa tatizo kubwa, maana antena iliingia moja kwa moja kwenye runinga na vitufe viwili vya chaneli vilitosha. Tangu mitambo ya analojia ilipoanza kuzimwa Tanzania mwishoni mwa Desemba 2012, na Kenya ikafuata mwaka 2015, nyumba nyingi zinatazama kupitia king'amuzi. Kitufe cha kuchagua mahali picha inapotoka kimekuwa muhimu sawa na cha kuwasha. Nao watengenezaji wameondoa vitufe kwenye runinga yenyewe. Nyingi zimebaki na kimoja tu, kimefichwa chini ya fremu, na runinga ikishapigiliwa ukutani mzee wa nyumba hawezi kukifikia. Kwa mtu huyo rimoti ndiyo runinga.

Tuanze na kile kinachotoka kwenye rimoti, kwa sababu fundi anayekijua hahitaji kubahatisha.

Taa ndogo iliyo mbele ya rimoti hutoa mwanga wa infraredi, kwa kawaida wenye urefu wa wimbi wa karibu nanometa 940, ambao jicho halioni. Kamera ya simu huuona. Elekeza rimoti kwenye kamera, bonyeza, na utaona nukta ya zambarau au nyeupe ikipepesa. Ukitumia kamera ya nyuma na usione kitu, jaribu ya mbele kabla hujaitangaza rimoti kuwa mbovu, maana kamera nyingi za nyuma zina kichujio kinachozuia mwanga huo. Kipimo hiki hakina gharama, na ningependa kiwe cha kwanza kwenye kila meza.

Mwanga huo hukatwakatwa maelfu ya mara kwa sekunde. Mfumo wa NEC, ambao viwanda vingi vya Asia vinautumia, hukata kwa kilohezi 38; ule wa zamani wa Philips uitwao RC-5 hutumia 36; Sony hutumia 40. Ndani ya runinga, nyuma ya plastiki nyeusi, kuna kipokezi kidogo chenye miguu mitatu kilichotegwa kusikiliza kasi hiyo na kupuuza mwanga wa jua na wa balbu. Kilichotegwa kwa 38 bado kinaweza kusikia 36 au 40, ila kwa umbali mfupi zaidi.

Juu ya mkato huo ndipo ujumbe hupandishwa. Katika NEC rimoti hutangulia kwa kuwaka milisekunde 9, hunyamaza 4.5, kisha hutuma biti 32: anwani ya kifaa, anwani hiyohiyo iliyopinduliwa, amri, na amri iliyopinduliwa. Ujumbe wote unamalizika ndani ya milisekunde 67.5. Kule kupindua ndiko ukaguzi. Runinga hulinganisha amri na kinyume chake, na visipooana inautupa ujumbe. Ndiyo maana betri dhaifu haifanyi runinga ibadilishe chaneli wakati mteja anataka sauti. Runinga inanyamaza tu. Fundi akiona amri isiyo sahihi inatekelezwa vizuri kabisa, mathalani sauti inabadilika badala ya menyu, asihangaike na betri. Ujumbe umefika mzima. Jedwali la amri lililo ndani ya rimoti ndilo si la runinga hiyo.

Sasa nifike kwenye kiini. Rimoti ya TV zote ina chipu yenye majedwali mengi, na kila jedwali linasema: kwa anwani hii, kitufe hiki kitume amri hii. Runinga za LG zinasikiliza anwani ya 4, na kuwasha ni amri ya 8. Samsung wana mfumo unaofanana na NEC, wenye utangulizi mfupi zaidi na anwani inayorudiwa bila kupinduliwa. Anwani yao ni 7 na kuwasha ni amri ya 2. Runinga za Sony ziko anwani ya 1, kuwasha ni 21. Kwenye RC-5 runinga ni anwani ya 0, kuwasha ni 12. Amri za kuwasha, sauti na chaneli huwa hazibadilishwi na kiwanda kwa miaka mingi, kwa sababu hazina haja ya kubadilika. Vitufe vilivyokuja baadaye, vya HDMI, vya USB, vya menyu mpya, viliongezwa mwaka hadi mwaka. Kwa hiyo chipu inaweza kuwa na majedwali kadhaa ya jina moja la kiwanda, yote yanayowasha runinga hiyohiyo, huku moja tu likiwa na SOURCE inayofanya kazi.

Utafutaji wa otomatiki haujui tofauti hiyo. Unapobonyeza SET kwa sekunde chache hadi taa ibaki inawaka, rimoti hupita jedwali moja baada ya jingine ikituma amri ya kuwasha (kuna zinazotuma ya kuongeza sauti), na inamtegemea mtu aisimamishe pale runinga inapoitika. Fundi huisimamisha kwenye jedwali la kwanza linalowasha, na hilo linaweza kuwa la zamani zaidi. Hapo ndipo mteja wetu wa HDMI 2 anapotokea.

Ushauri wangu wa kwanza ni kuanza utafutaji runinga ikiwa imewaka. Runinga za kisasa zinachukua sekunde kadhaa kuonyesha picha baada ya kupokea amri ya kuwaka, na ndani ya sekunde hizo rimoti imeshapita majedwali mengine mawili au matatu. Kuzima huonekana mara moja. Kuna mtego mwingine: kitufe cha kuwasha ndicho hichohicho cha kuzima. Yakifuatana majedwali mawili yanayofaa, la kwanza litazima na la pili litawasha tena, na fundi aliyegeuka kuzungumza na mteja ataapa kuwa rimoti haikupata kitu. Macho yasiondoke kwenye kioo na kwenye taa ndogo ya runinga. Rimoti zinazotafuta kwa amri ya sauti ni bora zaidi kwa kazi hii, maana mstari wa sauti ukitokea unakaa kiooni kwa muda.

Ushauri wa pili ni kutosimama kwenye jibu la kwanza. Jaribu SOURCE, kisha mishale na OK ndani ya orodha yake, kisha menyu, kisha namba, kisha kunyamazisha sauti. Kimoja kikikataa, rudi kwenye utafutaji uendelee mbele, au fungua karatasi ya misimbo, yaani namba za majedwali hayo, na ujaribu namba inayofuata ya kiwanda hicho. Najua dukani kuna foleni. Lakini mteja anayerudi kesho yake na malalamiko anachukua muda mrefu kuliko vitufe hivyo vyote, na wengine hawarudi, wanasema tu kwamba duka fulani linauza rimoti feki.

Kuna hali moja ambayo karatasi ya misimbo inadanganya, na mafundi wa mtaani tunaijua kuliko kiwanda chochote. Runinga imeungua bodi, bodi ya asili haipatikani au bei yake inakaribia ya runinga mpya, na fundi anafunga bodi ya jumla, zile za aina ya V59 na jamaa zake zinazouzwa kwa programu tofautitofauti. Kioo kinarudi, jina la mbele linabaki lilelile, lakini runinga sasa inasikiliza anwani nyingine kabisa. Mteja akija kwako miezi baadaye, msimbo wa jina lililoandikwa kwenye fremu hautamsaidia. Kabla ya kutafuta, muulize kama runinga imewahi kufunguliwa. Akisema ndiyo, achana na jina, tumia utafutaji wa otomatiki kuanzia mwanzo. Na sisi tunaofunga bodi hizo tuna wajibu ulio wazi: tumkabidhi mteja rimoti inayokubali bodi hiyo, na tuandike nyuma ya runinga aina ya bodi tuliyofunga. Kumrudishia runinga yenye picha pamoja na rimoti yake ya zamani iliyokufa ni kumpa nusu ya alicholipia.

Njia ya pili ya kuseti ni kufundisha. Rimoti inayojifunza huwekwa uso kwa uso na ile ya asili, sentimita chache kati yao, kisha kila kitufe kinanakiliwa. Hapa hakuna jedwali la kukisia. Unapata kilekile kilichotoka kiwandani. Sharti lake ni kwamba rimoti ya asili iwe bado hai. Kwa hiyo mteja akileta rimoti ambayo kitufe kimoja kimeanza kulegea, huo ndio wakati wa kumshauri, kabla vingine havijafuata.

Nakala hizi hushindwa kwa sababu mbili ambazo sijaona zikielezwa kwenye karatasi za maelekezo. Ya kwanza ni ya NEC. Ukishikilia kitufe, rimoti hutuma ujumbe kamili mara moja, halafu badala ya kuurudia hutuma ishara fupi inayosema tu kwamba kitufe bado kimeshikwa. Mtu aliyeanza kubonyeza rimoti ya asili kabla ile inayojifunza haijawa tayari atanakili ishara fupi hiyo peke yake, na kitufe kipya kitakuwa kinatuma kitu kisicho na maana kwa runinga. Subiri taa iwe tayari, bonyeza mara moja, achia.

Ya pili ni ya RC-5 na runinga za Philips za zamani, ambazo bado zipo majumbani. Ndani ya ujumbe wa RC-5 kuna biti moja inayobadilika kila kitufe kinapobonyezwa upya, ili runinga ijue kuwa umebonyeza mara mbili na si kwamba umeshikilia. Rimoti yenye kumbukumbu rahisi huigandisha biti hiyo kama ilivyoinakili. Mteja akitaka chaneli ya 11 anapata 1, kwa sababu runinga inaona bonyezo la pili kama mwendelezo wa la kwanza. Kwa runinga hizo tumia jedwali la ndani ya chipu, usifundishe.

Kuhusu runinga janja nitakuwa mfupi. Rimoti zake za asili hutumia Bluetooth kwa sauti ya kuzungumza na kwa kishale kinachoelea kiooni, na rimoti ya infraredi haiwezi kuyafanya hayo hata ukiiseti namna gani. Nyingi ya runinga hizo zimebakiza kipokezi cha infraredi kwa kuwasha, sauti, mishale na OK. Mwambie mteja mipaka hiyo kabla hajatoa hela. Ikiwa runinga yake imeunganishwa na Wi-Fi, mwonyeshe pia programu ya simu ya kiwanda hicho. Simu zenye taa ya infraredi juu, kama nyingi za Xiaomi, zinaweza kuendesha hata runinga isiyo janja.

Jambo la mwisho ni la kalamu. Ukishapata msimbo uliokamilika, uandike ndani ya kifuniko cha betri kwa wino usiofutika. Kuna rimoti za bei nafuu zinazosahau kila kitu betri zikitolewa kwa muda, na mteja aliyebadilisha betri usiku hana sababu ya kupanda daladala kesho yake kwa ajili ya namba tatu. Karatasi inayokuja ndani ya pakiti haina Kiswahili, imechapwa kwa herufi ambazo hata kijana mwenye macho mazuri anazisogeza karibu na taa. Napendekeza semina hii itoe karatasi yetu ya ukurasa mmoja, kwa Kiswahili, kwa herufi kubwa: namna ya kutafuta, namna ya kuingiza msimbo, vitufe vya kujaribu kabla ya kuondoka dukani, na nafasi tupu ya fundi kuandika msimbo na aina ya bodi. Iwekwe kwenye kila pakiti tunayouza. Rasimu iko kwa katibu, na nafasi ya masahihisho iko pembeni.

Baada ya chai tutafanya kwa vitendo. Meza ya kwanza ina runinga zenye bodi za asili. Meza ya pili ina rimoti za kujifunza. Meza ya tatu ina runinga iliyobadilishwa bodi na jina la mbele halifanani na kilichomo. Naomba mafundi wenye uzoefu mkubwa waanzie hapo.