WIMBO WA SINEMA NI JASHO LA MTU
(Hotuba iliyosomwa mbele ya wanachama, Kibuye, Kisumu)



Nimeombwa niseme machache juu ya kazi ya mtu achaguaye nyimbo za kutiwa katika sinema. Pengine mtauliza, hayo yanatuhusu nini sisi watu wa reli? Yanatuhusu, maana kati yetu wamo wapigaji wa nyatiti na gitaa, na jasho la mwimbaji ni sawa na jasho la fundi wa karakana.

Kwanza, kazi yenyewe. Mtu huyu hatungi wimbo. Huitazama picha mara nyingi pamoja na mwongozaji, wakatia alama mahali muziki uanzapo na ukomapo, kwa dakika na sekunde. Kisha husikiliza rekodi nyingi, akitafuta inayopatana na picha. Akiipata, hukata beti, hurudia sehemu ya ala, na kupunguza sauti watu wanaponena.

Pili, ruhusa. Dereva haingizi treni katika njia bila idhini. Mchaguzi naye hutakiwa idhini mbili: ya mwenye utungo, na ya mwenye rekodi. Akikosa moja, taa ni nyekundu. Kisha huandika orodha ya nyimbo zote, majina ya watungaji na muda uliosikika, ili malipo yajue njia ya kwenda.

Mfano tunao. Ayub Ogada alizaliwa Mombasa mwaka 1956, akafariki Nyahera, karibu nasi hapa, mwaka 2019. Alipokuwa Uingereza aliwahi kupiga nyatiti katika stesheni za reli ya chini ya ardhi ya London, akitegemea sarafu za wapita njia. Wimbo wake "Kothbiro", yaani mvua yaja, ulitoka katika albamu yake ya mwaka 1993. Mwaka 2005 ukatiwa katika sinema "The Constant Gardener", ambayo sehemu yake ilipigwa hapa Kenya. Rekodi ya miaka 12 ikapata kazi mpya!

Lakini wako waliopunjwa. Solomon Linda wa Afrika Kusini alirekodi "Mbube" mwaka 1939. Alikufa maskini mwaka 1962, hali wimbo uliotokana nao ukiimbwa duniani kote. Ukaingia hata katika "The Lion King" ya mwaka 1994. Binti zake walikwenda mahakamani, na mapatano yakafikiwa mwaka 2006 tu.

Basi ndugu zangu, nawasihi mambo matatu. Msitie sahihi karatasi msiyoielewa. Ileteni kwanza chamani isomwe. Andikeni majina ya wote waliotunga na waliopiga, siku ile ile ya kurekodi. Tena, pangisheni wimbo, msiuuze. Mwenye nyumba akipangisha chumba hampi mpangaji hati ya kiwanja. Ulizeni: ni sinema gani, nchi zipi, muda gani, malipo kiasi gani?

Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 humlinda mtungaji maisha yake yote, na miaka 50 baada ya kufa kwake. Basi atiaye sahihi ovyo huuza pia chakula cha wanawe.

Haki haiji kwa mwenye kusinzia.