Kura Yetu Yalala Wapi?

(Hotuba iliyosomwa mbele ya wanachama, Kariakoo, Dar es Salaam)



Jirani yetu hapa sokoni, mtu wa Bara na mteja wetu wa siku nyingi, alituuliza: "Nyinyi wa visiwani mna majimbo 50 katika Bunge la Muungano, na Dar es Salaam nzima, hata baada ya kuongezewa mwaka 2025, ina 12. Haki iko wapi?" Hatukukasirika, kwani sisi ni watu wa mizani. Kwa sensa ya 2022 Zanzibar ilikuwa na watu 1,889,773, Dar es Salaam 5,383,728. Gawanyeni wenyewe: jimbo la kwetu lapata watu kiasi cha 38,000, la hapa 449,000. Tulimjibu kuwa viti vile ni vya nchi iliyoungana na nchi mwaka 1964, wala havikupimwa kwa vichwa. Akacheka, akalipa, akaenda zake.

Walakin nguvu ya mpaka wa jimbo twaijua sisi kuliko yeye. Januari 1961 kiti cha Chake Chake kilipatikana kwa kura moja tu. Afro-Shirazi wakawa na viti 10, Hizbu 9, na ZPPP 3. Julai 1963 Afro-Shirazi walipata zaidi ya nusu ya kura zote, wakatoka na viti 13 katika 31, maana kura zao zilirundikana katika majimbo yao wenyewe. Kila mtu na aseme alipendalo juu ya vyama hivyo. Hisabu haina chama.

Sasa tutazame hapa tulipo. Enzi ya ukoloni Mnazi Mmoja uliachwa wazi ili kuitenga Uhindini na Kariakoo ya Waafrika. Leo pande zote mbili zimo katika jimbo moja la Ilala: Upanga, Kisutu na Kivukoni, pamoja na Kariakoo, Gerezani na Jangwani. Mchana jimbo hili hufurika watu. Jioni maduka yakifungwa, wengi wetu twapanda basi kwenda Mbagala na Temeke, na huko ndiko tuandikwako. Mtu aweza kukaa miaka 20 dukani Mtaa wa Kongo asiwe na kura hata moja juu ya mbunge wa mtaa huo.

Na nyumbani je? Sheria ya Uchaguzi ya Zanzibar ya 1984 ilimtaka mpiga kura awe amekaa jimboni miezi 36 mfululizo. Sisi wenyewe tulivuka bahari tukajiandikishe. Bwana mwenye daftari akatuuliza tunalala wapi, nasi hatukuweza kusema uongo. Tulirudi na boti ya jioni.

Basi tunaomba jambo moja. Kabla chai haijakwisha, kila mwanachama amwandikishe Katibu kata anayolala, si mtaa wenye duka lake, na mwaka aliohamia. Kalamu ziko mezani.