Kanisa Kubwa la Peramiho

Ndugu zetu, na ninyi watoto mliozaliwa Minnesota,

Mnalijua kanisa la Wabenediktini kule Collegeville, lililokamilika 1961, mwaka wa uhuru wetu. Kwetu Songea, Wabenediktini walianza misheni ya Peramiho mwaka 1898. Sisi wauguzi tunaisifu hospitali yao, na inastahili sifa.

Ila hili tusiwafiche. Padre mmoja aliichoma nyumba ya mizimu ya Nkosi Mputa Gama. Vita vya Maji Maji vilipowaka 1905, Wangoni nao wakaichoma misheni. Wajerumani walimnyonga Mputa na wenzake Februari 27, 1906. Kanisa kubwa la leo lilijengwa baadaye.

Mkienda likizo, msiishie kupiga picha kanisani. Fikeni na Songea mjini, pale makumbusho, kwenye kaburi la mashujaa.