Mate Mengi Wakati wa Uja Uzito



Jambo ninalotaka kuwaelezeni leo ni la nyumbani, na huenda wengine wakaona haya kulisikia likitajwa mbele ya watu. Ni habari ya mate yanayomjaa mwanamke kinywani anapokuwa mja mzito, hata ikambidi kutema kutwa kucha. Jambo hili hutokea katika nchi zote za dunia. Walakini katika nchi kavu kama Garissa, Wajir na Mandera lina hatari yake, na hatari hiyo yatupasa kuifahamu sawasawa.

Kwanza tutazame mate yenyewe. Kila binadamu ana tezi za mate, na zilizo kubwa ni jozi 3: karibu na masikio, chini ya taya na chini ya ulimi. Tezi hizo hutoa kiasi cha lita 1 ya mate kila siku. Sisi hatuna habari nayo, maana twayameza bila ya kufikiri, na maji yake hurudi mwilini. Lakini mja mzito mwenye taabu hii aweza kutema hata lita 2 kwa siku moja. Madaktari huihusisha taabu hii na mabadiliko ya mwili katika miezi ya kwanza ya mimba, na kichefuchefu kimfanyacho mtu achukie kumeza, na kiungulia pia.

Kwa kawaida huanza mapema, mimba ikiwa changa. Wengi hupata nafuu mimba ifikapo katikati. Wengine huendelea nayo mpaka wajifungue, kisha mate hukoma. Mate yenyewe hayamdhuru mtoto tumboni. Wala si uchawi, wala si kijicho, wala si kifua kikuu. Kifua kikuu kina dalili zake: kikohozi kisichokoma kwa majuma 2 au zaidi, homa, jasho la usiku, kukonda, na pengine makohozi yenye damu. Mwenye dalili hizo na apimwe upesi, awe mja mzito au asiwe. Lakini kumtenga mwanamke kwa sababu ya mate tu ni kumwonea.

Basi, hatari iko wapi? Iko katika maji. Mjini Garissa joto la mchana katika miezi ya kiangazi hupita digrii 35, na mara nyingi mwanamke huyo huyo ndiye aendaye kisimani au mtoni Tana kuteka maji. Jasho linamtoka, mate anayatema, pengine anatapika pia. Na kwa kukiogopa kichefuchefu, hataki kunywa. Hapo mwili huanza kukauka. Akiona mkojo umekuwa mchache na mweusi kama chai ya rangi, au kizunguzungu anaposimama, au moyo unakwenda mbio, au anatapika kila anachokula na kunywa, asingoje kesho. Apelekwe zahanati au hospitali siku ile ile.

Kwa yule ambaye hali yake haijafika huko, mambo haya yatamfaa. Anywe maji safi kidogo kidogo, mara nyingi, wala asinywe kikombe kizima kwa mara moja. Ale chakula kidogo mara 5 au 6 kwa siku. Apige mswaki asubuhi na baada ya kula. Kijiti cha mswaki mliochiozoea chafaa sana. Asukutue kinywa kwa maji, au anyonye kipande cha ndimu. Mate anayoweza kuyameza ayameze. Yanayomshinda ayateme katika kopo lenye kifuniko, lioshwe kila siku. Asinywe dawa ya kukausha mate pasipo shauri la daktari, kwa kuwa dawa nyingine hazifai kwa mimba. Na akishikwa na hamu ya kula udongo au mawe, amwambie mkunga, maana huenda damu yake imepungua.

Katika mwezi wa Ramadhani wako wanaotema zaidi kwa kuogopa kuharibu saumu. Wanazuoni wamefundisha kwamba kumeza mate yako mwenyewe hakufunguzi, na kwamba mja mzito anayehofia nafsi yake au mtoto wake ana ruhusa ya kula. Namna ya kulipa siku zile atamwuliza sheikh wake.

Mwaka 2016 Shirika la Afya Duniani lilishauri kwamba mja mzito aonane na wahudumu wa afya mara 8, na mara ya kwanza iwe kabla ya majuma 12 kutimia. Hapo ndipo mahali pa kuyasema haya. Ninyi mnaohama na ngamia na ng'ombe kufuata malisho, mpelekeni kabla ya kuhama, wala msingoje mpaka mmefika mbali na zahanati.

Wazee wetu walisema, mficha uchi hazai. Mume asimkemee mkewe kwa kutema, na mama mkwe asimwambie kwamba anadeka. Mmoja amtekee maji, mwingine amwulize amekunywa mara ngapi tangu asubuhi. Swali hilo dogo laweza kuwaokoa watu wawili.